Jina la Kijakazi

Wafaransa wanalo jina moja la kale la wasichana, nalo ni Blandine. Wakilitamka, herufi ya mwisho haisikiki. Katika nchi nyingine jina hilo huishia kwa a, Blandina, kama lilivyokuwa hapo awali katika Kilatini. Na katika Tanzania wako wanawake wengi waitwao hivyo. Asili ya sifa zake si malkia wala binti wa tajiri. Msichana aliyelipatia jina hili heshima alikuwa kijakazi, yaani mtumwa mwanamke, naye alikufa mwaka 177. Kwa nini basi wazazi wawaite binti zao kwa jina la mtumwa? Jibu limo katika maana ya jina lenyewe, na katika mambo yaliyompata mwenye jina.

Jina Blandina latoka katika neno la Kilatini blandus. Neno hilo lina sura mbili. Sura ya kwanza ni njema: mtu aliye blandus ni mpole, mwenye sauti laini, asiye na ukali kwa watu. Sura ya pili ina walakini: ni mtu wa kubembeleza, asemaye maneno ya kumpendeza msikizaji ili apate atakalo. Waswahili wanaijua nguvu ya ulimi wa namna hiyo, ndiyo maana wakasema, "Maneno matamu humtoa nyoka pangoni." Sura hiyo ya pili imebaki katika Kifaransa cha vitabuni, ambamo neno blandices maana yake ni maneno ya kurairai na kubembeleza.

Warumi walilitumia neno hili kuwa jina la watu. Mwaka 18 baada ya kuzaliwa Kristo, mtu mmoja wa cheo kikubwa aliyekuwa konsuli aliitwa Rubellius Blandus, naye baadaye akamwoa mjukuu wa Kaisari Tiberio. Lakini jina hilo lilishuka pia mpaka kwa watu wa chini kabisa. Mtumwa wa Kirumi hakuwa na jina la ukoo. Alikuwa na jina moja tu, na mara nyingi bwana wake ndiye aliyelichagua, akachagua lile limpendezalo yeye mwenyewe: Felix, yaani mwenye heri, au Hilarus, yaani mchangamfu. Katika Pwani ya Afrika ya Mashariki, zamani za utumwa, desturi ilikuwa ya namna hiyo hiyo. Watumwa waliitwa Mabruki, Baraka, Feruzi, majina ya heri na ya vito, na huku wenyewe hawakuwa na ruhusa hata ya kwenda watakako. Basi kijakazi aliyeitwa Blandina alitazamiwa kuwa sawa na jina lake: mnyenyekevu, mwenye kujibu kwa sauti ndogo, na kusema lile limpendezalo mkubwa wake.

Kijakazi huyo aliishi Lyon, mji ulio upande wa kusini mashariki wa Ufaransa, mahali mto Saône unapoingia katika mto Rhône. Wakati ule nchi iliitwa Galia, nayo ilikuwa chini ya Dola ya Rumi. Lyon, au kwa Kilatini Lugdunum, ulikuwa mji mkubwa wa biashara na serikali. Kila mwaka wajumbe wa makabila ya Galia walikutana hapo kwa sikukuu ya kumheshimu Kaisari. Kaisari wa siku zile alikuwa Marko Aurelio, mtu wa elimu, aliyeandika kitabu cha hekima ambacho kingali kikisomwa. Wakristo mjini walikuwa wachache, na baadhi yao walikuwa wageni waliotoka Asia Ndogo.

Mwaka 177 chuki juu ya Wakristo iliwaka kama moto wa nyasi kavu. Kwanza walikatazwa wasiingie katika nyumba za watu, wala katika hamamu, wala sokoni. Kisha walipigwa, wakatupiwa mawe, wakanyang'anywa mali, na mwisho wakafungwa gerezani kumngoja liwali. Liwali alipofika aliamuru wote watafutwe. Wakakamatwa pia watumwa wa nyumba za Wakristo, ambao wenyewe hawakuwa Wakristo. Watumwa hao walipoyaona mateso waliingiwa na hofu, na askari wakawashawishi. Basi wakatoa ushahidi wa uongo. Walisema kwamba Wakristo hula watoto na hufanya machafu yasiyotajika. Habari hizo zilipoenea mjini, hata watu waliokuwa wakiwahurumia Wakristo kwa ajili ya ujamaa waligeuka wakawa wakali.

Hapo ndipo penye kiini cha habari hii. Shutuma ile ilisimama juu ya neno la watumwa. Wale wa kwanza walisema walilotakiwa kusema. Wala hawakuwa waovu kuliko watu wengine, bali walikuwa wanyonge waliotiwa hofu, nao walikuwa wamezoea tangu utoto kulipa jibu analolitaka mwenye nguvu. Sasa akaletwa kijakazi aliyekuwa Mkristo mwenyewe. Kama naye angalisema maneno yale yale, nani angaliwasadiki tena Wakristo wa Lyon?

Bibi yake, yaani mwanamke aliyemmiliki, alikuwa Mkristo, naye alikuwa miongoni mwa wafungwa. Aliona uchungu mwingi, akiogopa kwamba Blandina, kwa udhaifu wa mwili wake, hataweza kukiri kwa ushujaa. Wenzake wote walikuwa na hofu hiyo.

Watesaji walimshika kwa zamu tangu asubuhi hata jioni. Jua lilipokuchwa walikiri wenyewe kuwa wameshindwa, hawana tena la kumfanya; wakastaajabu kuona kwamba bado anapumua. Muda wote huo Blandina alirudia neno moja: kwamba yeye ni Mkristo, na kwamba kwao hakuna baya linalotendeka. Neno hilo halikuwa la matusi, wala la kubembeleza. Lilikuwa la kweli, basi.

Katika Kiswahili neno shahidi lina maana mbili. Shahidi ni mtu atoaye habari mbele ya hakimu, na tena ni mtu afaye kwa ajili ya dini yake. Katika Kiyunani neno martys lina maana hizo hizo mbili. Blandina alikuwa shahidi kwa njia zote mbili. Lakini alianza kwa ile ya kwanza, kwa kusema kweli mahali ambapo uongo ungalimpatia raha.

Baadaye alipelekwa katika kiwanja cha michezo pamoja na wenzake wengine, akafungwa juu ya mti mbele ya hayawani wakali. Siku ile hayawani hawakumgusa, akarudishwa gerezani. Liwali akamwandikia Kaisari kuuliza shauri. Jibu la Kaisari lilikuwa kwamba wanaokiri wauawe, na wanaokana waachiliwe. Basi neno moja, jepesi kulitamka, lilitosha kuufungua mlango wa gereza. Ajabu ni kwamba wengi waliokana hapo kwanza kwa hofu, walipoulizwa mara ya pili wakakiri.

Siku ya mwisho ya michezo Blandina aliletwa tena kiwanjani. Pamoja naye alikuwa kijana aitwaye Ponticus, mwenye umri wa miaka kama 15. Kila siku wawili hao walikuwa wameletwa kuwatazama wenzao wakiteswa, ili wavunjike moyo. Hawakuvunjika. Blandina alimtia kijana moyo mbele ya macho ya watu wote, naye akafa bila kukana. Hapo ndipo jina la Blandina lilipopata maana yake njema. Ulimi laini aliokuwa nao hakuutumia kumpendeza liwali wala kujiokoa mwenyewe. Aliutumia kumtegemeza mtoto aliyekuwa karibu kufa.

Kisha zamu yake ikafika. Baada ya mateso mengine alifungwa katika wavu, akatupwa mbele ya fahali, na hivyo akafa, wa mwisho wa wote. Watazamaji wenyewe, ambao hawakumpenda, walisema kwamba kwao hapajatokea mwanamke aliyevumilia mateso mengi na makali kama yale.

Maadui walitaka pasibaki kitu. Maiti ziliwekwa wazi siku sita chini ya ulinzi wa askari, kisha zikachomwa moto, na majivu yakatupwa katika mto Rhône. Lakini Wakristo waliosalimika waliandika barua kwa Kiyunani, wakaipeleka kwa ndugu zao wa Asia na Frigia, nchi zilizo leo katika Uturuki. Katika karne ya 4 Eusebius, askofu wa Kaisaria katika Palestina, aliinakili sehemu kubwa ya barua hiyo katika kitabu chake cha Historia ya Kanisa. Kwa njia hiyo habari zote hizi zimehifadhiwa.

Mtu akiisoma barua hiyo kwa makini, ataona jambo la kumfikirisha. Jina la liwali aliyekuwa na amri juu ya uhai na kifo halimo. Jina la bibi aliyemmiliki Blandina halimo, ingawa naye alihesabiwa miongoni mwa mashahidi. Jina la kijakazi limo, tena limetajwa mara kadhaa. Katika soko la Lyon watu wangaliwajua liwali na bibi, wasimjue mtumwa. Katika barua imekuwa kinyume. Wahenga walisema, "Jina jema hung'ara gizani."

Watu wa Lyon hawakumsahau. Liko kanisa mjini kwa jina lake, na kila mwaka tarehe 2 Juni Wakatoliki humkumbuka pamoja na wenzake, naye mzee Pothinus akiwa mmoja wao, askofu aliyepita miaka 90 na kufa gerezani. Wazazi Wafaransa waliwaita binti zao Blandine. Jina halikuwa la kawaida kama Marie au Jeanne, lakini halikukatika. Watawa nao walilichukua. Maria Rosa Segale, aliyezaliwa Italia mwaka 1850 na kuhamia Marekani, aliingia utawa kwa jina la Blandina, akafundisha watoto na kuwahudumia maskini katika Colorado na New Mexico. Akafa mwaka 1941.

Afrika ya Mashariki nayo ililipata jina hili kwa njia ya misheni. Katika Lyon, mji ule ule wa Blandina, palianzishwa mwaka 1822 chama cha Kueneza Imani, kwa juhudi ya Pauline Jaricot, binti wa mfanya biashara ya hariri, aliyewazoeza wafanya kazi kutoa sarafu ndogo kila juma kwa ajili ya misheni za ulimwengu. Mapadre wa Roho Mtakatifu, waliokuwa shirika la Ufaransa, walifika Unguja mwaka 1863, na mwaka 1868 wakaanza misheni ya Bagamoyo. Hapo walikomboa watumwa, wengi wao watoto, wakawajengea kijiji. Aliyebatizwa alipewa jina jipya, jina la mtakatifu, mahali pa lile alilochaguliwa na bwana. Miongoni mwa majina ya watakatifu yaliyoenea katika nchi hizi baadaye ni Blandina, jina la mtu aliyeujua utumwa kwa mwili wake.

Kiwanja alichofia kilifunikwa na udongo na nyumba, hata watu wakabishana mahali kilipokuwa. Mwaka 1958 wachimbaji wa mambo ya kale walipata jiwe lenye maandishi katika mtelemko wa kilima cha Croix-Rousse mjini Lyon. Maandishi yalimtaja Gaius Julius Rufus, tajiri na kuhani, aliyekijenga kiwanja hicho kwa mali yake mwaka 19. Mwaka 1986 Papa Yohane Paulo II alifika hapo, akasali pamoja na Wakristo wa madhehebu mbalimbali. Rufus alilichonga jina lake katika jiwe, nalo likalala chini ya udongo kwa karne nyingi, lisisomwe na mtu. Jina la Blandina halikuhitaji jiwe, maana mama walikuwa wakiliita kila siku vibarazani.

Mtoto hupewa jina angali hajui kusema. Maana yake huonekana baadaye, kwa matendo. Msichana aitwaye Blandina, akiulizwa maana ya jina lake, ana haki ya kujibu kwamba ni upole. Na mtu akidhani kwamba upole ni woga, au ni kuwaitikia wakubwa katika kila wasemalo, na amsimulie habari za kijakazi aliyeulizwa tangu asubuhi hata jioni, naye hakulibadili neno lake la kweli.