Mhusika Msaidizi

Kwa zaidi ya miaka thelathini niliandika ubaoni maneno yale yale: mhusika mkuu, wahusika wasaidizi, wahusika wajenzi. Msaidizi, niliwaeleza wanafunzi, yupo ili mkuu aonekane. Ndivyo nilivyofundishwa chuo cha ualimu, nami sikuwahi kulihoji.

Mwaka mmoja mwanafunzi wa kidato cha tatu aliandika insha ndefu kumhusu mzee asiye na maneno mengi katika tamthilia tuliyokuwa tukiisoma. Swali lilimtaka ajadili mhusika mkuu. Nilimpa sifuri, nikaandika pembeni kwa wino mwekundu: "Umetoka nje ya swali." Kwa kanuni za mtihani sikukosea. Lakini hakuniandikia tena insha ndefu hadi alipomaliza shule.

Nimemkumbuka mwezi huu, baada ya mwanangu kuniwekea filamu ya In the Name of the Father, ya mwaka 1993. Inamhusu Gerry Conlon, kijana wa Belfast aliyefungwa kwa mabomu ya Guildford ya mwaka 1974 ambayo hakuyatega, na baba yake Giuseppe, aliyekamatwa alipokwenda London kumtafutia mwanawe wakili. Mkuu ni Daniel Day-Lewis. Baba ni Pete Postlethwaite: uso wa mifupa mitupu, kikohozi, sauti ya chini. Katika filamu wamefungwa chumba kimoja (kwa kweli haikuwa hivyo). Mwana anafoka, baba anaandika barua za kudai haki. Baba anapofariki, wafungwa wanadondosha madirishani karatasi zinazowaka moto, usiku, bila neno. Hapo nilimwomba mwanangu aisimamishe kidogo.

Nikataka kumjua mtu huyu. Alizaliwa Warrington mwaka 1946, na kabla ya kuwa mwigizaji alisomea ualimu akafundisha. Mwalimu mwenzetu! Nafasi ile ilimpa uteuzi wa Oscar, ila tuzo ilikwenda kwa mwingine. Akaendelea na sehemu zake ndogo: wakili mpole wa kutisha katika The Usual Suspects, padri katika Romeo + Juliet, daktari anayejificha jangwani katika The Constant Gardener, filamu ya mwaka 2005 iliyopigwa kwa sehemu kubwa nchini Kenya. Huyo daktari hutokea kidogo tu, lakini siri yote iko kwake. Mwaka 2008 alirudi Liverpool, katika ukumbi wa Everyman alikoanzia kazi, akaigiza King Lear, mkuu wa wakuu. Alifariki Januari 2011.

Nimeitafuta ile tamthilia ya zamani kabatini nikasoma upya sehemu za yule mzee. Ni kurasa nne tu. Ukizing'oa, mhusika mkuu hana sababu ya kurudi nyumbani, na hadithi inaishia njiani. Kijana yule alikuwa ameliona hilo akiwa na miaka kumi na saba.

Namba yake ya simu nimeipata kwa mwenzake waliyesoma pamoja. Nimeiandika nyuma ya jalada la kitabu hicho. Bado sijapiga.