Safari ya Kutoka Garissa Kwenda Kuitazama Nyumba ya Mbogani

Wasomaji wengi wa gazeti hili wanaijua kahawa kwa jembe, na wengine wetu tunaijua kwa kalamu, maana tumeandika hesabu zake. Lakini ni wachache walioingia katika nyumba ambamo bwana au bibi wa shamba la kahawa alilala usiku akihesabu deni lake. Mimi nimeingia, na nataka kuwasimulia niliyoyaona.

Kazi yangu iko Garissa. Huku kwetu hakuna nyumba ya namna hiyo. Walowezi hawakuja kulima mpunga wala kahawa katika nchi hii ya ngamia, na Serikali ya Kiingereza iliifunga Wilaya ya Mpaka wa Kaskazini mwaka 1926, mtu asiingie wala kutoka bila ruhusa. Nyanda za juu zilikuwa na habari nyingine. Sheria ya ardhi ya mwaka 1915 iliwapa walowezi mashamba kwa miaka 999, na Mwafrika aliyezaliwa juu ya ardhi hiyo akawa mpangaji wa kufukuzwa wakati wowote. Nchi moja, funguo mbili.

Nilipopata likizo, tarishi wa ofisi yetu, mzee wa Kisomali mwenye ndevu nyekundu za hina, alinijia mezani. "Karani," akasema, "nimesikia unakwenda Nairobi. Iko nyumba ya mama mmoja wa Kizungu huko chini ya vilima vya Ngong. Msimamizi wake alikuwa mtu wetu, Farah Aden. Niangalizie alikaa wapi."

Basi likavuka daraja la Tana alfajiri. Bangale, Ukasi, Mwingi, Matuu: kila baada ya saa moja miti huongezeka urefu na vumbi hupungua wekundu, mpaka unapofika Thika ukaona mananasi yamepangwa mistari kama askari. Ni safari ya kilomita zipatazo 370, na mtu aliyeizoea Garissa hushuka Nairobi akitafuta koti.

Nyumba yenyewe ilijengwa mwaka 1912 na mhandisi wa Kiswidi jina lake Åke Sjögren. Mwaka 1917 ikachukuliwa na Bror Blixen na mkewe Karen, ambaye alikuwa Mdenmarki, na ambaye alifunga ndoa Mombasa, Januari 1914. Waliiita Mbogani. Waelezaji husema maana yake ni nyumba ya msituni. Lakini mimi kwa sikio langu la Kiswahili nilisikia mbogo, na kisha nikasikia mboga, wala sikutulia mpaka nilipoiona miti mirefu inayoizunguka.

Usitazamie jumba la ghorofa. Ni nyumba ya chini, imelala kwa urefu, kuta zake za mawe ya kijivu, paa lake la vigae vyekundu. Namna hii ya ujenzi walowezi waliileta kutoka Bara Hindi, ambako Waingereza walikuwa wameiiga kwa watu wa Bengali: paa linaloshuka chini ili kukinga jua, na baraza pana ambapo mtu hukaa nusu ndani na nusu nje. Nyumba nyingi za Wazungu zilizojengwa Nairobi katika miaka ile zinafanana nayo. Hii ina baraza inayotazama vilima vya Ngong, na hapo ndipo nilipoelewa kwa nini mtu angeweza kupenda shamba lisilomlipa. Vilima vile vina vilele vinavyofuatana kama vifundo vya ngumi, na jioni hugeuka buluu.

Ndani, vyumba ni vipana na vina giza kidogo, kwa sababu kuta za baadhi yake zimefunikwa mbao za mkangazi. Kuna mahali pa kuotea moto, jambo ambalo mtu wa Garissa hulitazama kama mchezo. Sakafuni kuna ngozi za wanyama, kuna vitabu, kuna meza ya chakula iliyotandikwa kana kwamba wageni wako njiani. Jiko liko nyuma, limejitenga, moshi na wapishi wasionekane. Katika jiko la nyumba hii alipata sifa kijana wa Kikuyu, Kamante Gatura, aliyefika kwanza akiwa mtoto mwenye vidonda vya miguu na baadaye akapikia wakuu.

Kitu kilichonisimamisha zaidi ni meza ya jiwe la kusagia. Bibi huyo aliandika katika kitabu chake cha mwaka 1937 kwamba meza hiyo ilikuwa kama kitovu cha shamba, kwa kuwa alikaa nyuma yake kila alipokuwa na shauri na wenyeji. Babu yangu alikuwa skwota katika shamba la kahawa, si hili, na mwenye shamba lile sitamtaja. Alipenda kutusimulia habari za meza. Hakusema lolote juu ya mti wake wala ukubwa wake. Alisema tu kwamba yeye alisimama upande huu na bwana akakaa upande ule. Nilizunguka nikasimama upande wa babu, kisha nikaenda upande wa pili. Kutoka upande wa pili vilima huonekana vizuri zaidi.

Maskwota wa shamba hili walikuwa Wakikuyu, na kwa sheria iliwapasa kufanya kazi siku 180 kila mwaka ili wapate kulima na kufuga juu ya ardhi ambayo wengi wao waliihesabu kuwa ya baba zao. Shamba lilikuwa la maelfu ya ekari, na kahawa ilichukua ekari 600. Wakulima mnajua kosa lilikuwa wapi. Mahali pale pana kimo cha futi kama 6,000, pana upepo wa baridi, na mvua hukosekana mara kwa mara. Mti wa kahawa hungoja miaka minne au mitano kabla ya kuzaa, na benki haingoji. Kiwanda cha kahawa kiliungua mwaka 1923. Mitambo ya kukaushia kahawa bado inaonekana miongoni mwa miti, imeshika kutu.

Mwaka 1931 shamba likauzwa kwa mtu aliyelikata viwanja, na leo kuna mtaa wa matajiri uitwao Karen. Maskwota wakapewa amri ya kuhama. Waliomba jambo moja tu, wahamie pamoja, kwa kuwa waliona kwamba wakitawanywa hawatakuwa watu tena. Bibi yule alizunguka ofisi za Serikali, mlango baada ya mlango, hadi kwa Gavana, na mwishowe wakakubaliwa kukaa katika sehemu ya msitu wa hifadhi wa Dagoretti. Mimi ni karani. Najua shauri kama hilo likiwa ndani ya jalada lilivyo: karatasi nyembamba, kamba, mhuri, na maandishi pembeni yasemayo "lingoje". Katika nyumba ile kila kijiko kimetunzwa, na nilitamani jalada hilo nalo liwekwe mezani, karibu na vijiko.

Baada ya hapo nyumba ilipita mikononi mwa wengine. Mwaka 1964 Serikali ya Denmarki iliinunua, ikaipa Kenya zawadi ya uhuru, nayo ikatumika kwa chuo. Kisha mwaka 1986 ikafunguliwa kuwa makumbusho, baada ya sinema iliyotengenezwa kutokana na kitabu chake kuwaamsha watu.

Na Farah? Alikuwa mtu wa Habr Yunis kutoka Somalia ya Waingereza. Alikwenda kumlaki Karen Blixen mjini Aden, akamtumikia mpaka siku ya mwisho, akishika fedha za nyumba. Alikuwa na nyumba yake mwenyewe shambani, na mkewe aliletwa kutoka Somalia pamoja na mama yake na jamaa wengine wa kike. Mwaka 1931 alipanda treni ya Mombasa pamoja na bibi, na katika stesheni ya Samburu, garimoshi lilipokuwa likitiwa maji, walitembea pamoja ukumbini.

Niliporudi Garissa nilimweleza tarishi haya yote, kuta, vigae, mbao, jiwe la kusagia. Alisikiliza kimya. Nyumba aliyozaliwa yeye ilikuwa aqal ya mama yake, fito zilizopindwa na mikeka, kazi ya wanawake mwanzo hadi mwisho. Asubuhi huvunjwa, hupakiwa juu ya ngamia, na kabla ya jioni husimama mahali pengine.

"Ilichukuliwa na ngamia wangapi walipohama?" akaniuliza.

Nikamwambia nyumba haikuhama. Watu ndio waliohama.

Akatikisa kichwa, akaniuliza tena habari za stesheni ya Samburu, nami nikamsimulia mara ya pili. Kisha akaokota barua za alasiri mezani kwangu, akaenda kuzipeleka.