Siku 90 za sheria, siku za eda

Mume wa shangazi yangu alifariki dunia akiwa na kesi. Alikuwa amempangisha mfanyabiashara mmoja fremu mbili mbele ya nyumba yake mjini Tanga. Kodi ikasimama, maneno mazuri yakaisha, naye akafungua shauri katika baraza la ardhi na nyumba. Shauri lilikuwa nusu ya safari pale mauti yalipomfika.

Katika kikao cha ukoo baada ya mazishi, binamu zangu waliniuliza mimi, msomi wa familia, kesi ifanyweje. Nilijibu kwa utulivu wa mtu asiyejua kwamba hajui: "Mwacheni shangazi amalize eda kwanza. Haraka haraka haina baraka." Wote wakaafiki. Shangazi ndiye aliyependekezwa kuwa msimamizi wa mirathi, na hakuna aliyetaka kumtoa mjane ndani kwa sababu ya fremu mbili.

Sheria nayo ilikuwa na hesabu yake. Kwa Tanzania Bara, Amri ya 22 ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33, inasema kifo cha mdai au mdaiwa hakiui shauri iwapo haki inayodaiwa ingali hai. Na haki ya kodi haizikwi na mwenye nyumba. Lakini sharti mwakilishi wa kisheria wa marehemu aombewe kuingia mahali pake, na Sheria ya Ukomo, Sura ya 89, inatoa siku 90 tu. Zikipita bila ombi, shauri hukoma. Eda ya mjane wa Kiislamu ni miezi 4 na siku 10. Msomaji apige hesabu mwenyewe.

Ugumu mwingine ni kwamba damu pekee haitoshi. Mtoto wa kwanza hasimami barazani kwa kuwa tu ni mtoto wa kwanza. Ndani ya siku hizo hizo familia hutakiwa kupata cheti cha kifo, muhtasari wa kikao cha ukoo na uteuzi wa mahakama, ambao nao hutanguliwa na tangazo ili mwenye pingamizi ajitokeze. Wenzetu wa Kenya, kwa kanuni zao za mwaka 2010, wamempa mfiwa mwaka mmoja.

Sisemi haya kwa kuwatetea wenye nyumba. Mpangaji naye hufa. Mjane wake, aliyeachiwa chumba na watoto, anaweza kujikuta ameingizwa katika kesi ambayo hakuwahi kuisikia, akitakiwa kujibu madai ya kodi ambayo stakabadhi zake hajui zilipowekwa.

Kwetu, shauri lilitamkwa kuwa limekoma. Sheria haikutufungia mlango kabisa: mtu anaweza kuomba kuongezewa muda, kisha kuomba shauri lirejeshwe, akionyesha sababu za kutosha. Tulifanya hivyo na hatimaye tukasikilizwa. Lakini miezi yote hiyo mpangaji alifungua fremu zake asubuhi na kuzifunga jioni bila kulipa senti, na shangazi alikula kwa mkopo wa duka la jirani. Chelewa chelewa utamkuta mwana si wako. Methali hiyo nilikuwa naijua pia, ila siku ya kikao nilichagua nyingine.

Nina pendekezo dogo kwa watunga sheria: siku 90 zihesabiwe tangu msimamizi wa mirathi anapoteuliwa, si tangu siku ya kifo. Na kwa watumishi wa umma wanaonisoma: anayekabidhi cheti cha kifo amuulize mfiwa swali moja tu, kama marehemu alikuwa na kesi.

Pendekezo la tatu ni la kwangu mwenyewe. Shangazi alipotoka eda nilikwenda kumwomba radhi. Alinisikiliza hadi mwisho, akasema: "Mwanangu, eda haimkatazi mtu kutoka mchana kwa haja yake. Ningejifunika nikaenda. Mbona hamkuniuliza?"

Tulikuwa wanaume sita katika kikao kile, na yeye alikuwa chumba cha pili.