Fanya Utakalo

Jumatatu, 31 Julai 2023. Mwanga
Mwezi unakaribia kujaa. Vipe vimelala Kibirizi, hapa Kigoma, wavuvi wanashona nyavu, na mama mdogo, kwa kuwa hana dagaa wa kuanika, ana muda wa kunisumbua kuhusu daftari lake la mikopo nililoligeuza programu. Humo deni halina tarehe. Lina giza, zile siku zisizo na mbalamwezi ambapo dagaa huvuliwa kwa taa: “mke wa fundi, debe 2, giza lijalo.” Mfanyabiashara mmoja wa Uvira ameiona kwenye simu ya mama mdogo, naye anaitaka. Nimpe kwa masharti gani? Nisipoandika neno, Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999 inahesabu haki zote kuwa zangu, na atakayeinakili bila ruhusa amekosa. Kumwambia “chukua tu” kwa mdomo hakutoshi. Leseni lazima.

Jumatano, 2 Agosti
Nimekesha na leseni za mzaha. Ile ya WTFPL, ambayo Sam Hocevar aliiandika upya 2004, inakuruhusu ufanye utakalo, basi, ila inasema hivyo kwa tusi nisiloweza kumsomea mama mdogo. Inachekesha mara moja. Halafu unagundua haisemi lolote kuhusu hasara: programu ikikosea hesabu ya magunia, mwandishi hajajikinga. Leseni ya MIT, pamoja na ukavu wake wote, imelifikiria hilo. Tumia, badili, uza, ilimradi ubakize jina langu na tangazo la leseni, wala usinidai fidia.

Leseni ya Poul-Henning Kamp, Mdenmaki wa mfumo endeshi wa FreeBSD, ina utu zaidi. Ukiona kazi yake inafaa, na siku moja mkakutana, una ruhusa ya kumnunulia bia. Kwa wazee wa Ujiji ingebidi iwe kahawa.

Kiboko yao ni mwanaprogramu Douglas Crockford. Alichukua maneno ya MIT akachomeka sentensi moja: programu itumike kwa mema, si kwa maovu. Nani apinge? Wanasheria! Debian, wasambazaji wa Linux, wakasema leseni hiyo si huria, maana huria haichagui mtumiaji wala matumizi; wakfu wa Apache nao wakaipiga marufuku 2016. Crockford mwenyewe husimulia kwamba IBM walimwomba ruhusa maalumu, akawaandikia kuwa wao, wateja wao, washirika wao na vibaraka wao wanaruhusiwa kutenda maovu. Nimecheka peke yangu hadi jirani akagonga ukuta.

Jumapili, 6 Agosti
Bram Moolenaar amefariki. Alhamisi iliyopita, akiwa na miaka 62. Familia yake imetangaza jana. Programu yake ya kuandikia, Vim, aliyoitoa 1991, ndiyo ninayoandikia kila kitu, daftari la mama mdogo likiwemo. Ukiifungua bila faili, katikati ya skrini kuna ombi uwasaidie watoto maskini wa Uganda. Si mapambo. Mwaka 1994 alifanya kazi ya maji na usafi wa mazingira kule Kibaale, wilaya ya Rakai, upande wa pili wa mpaka wetu wa Kagera, UKIMWI ukiwa umeviachia vijiji yatima wengi. Akaanzisha shirika la ICCF Holland kuwasomesha. Angeweza kulifanya ombi hilo kuwa sharti. Hakufanya. Utatumia Vim hadi uzeeni bila kutoa senti, wala hutavunja leseni.

Nimemsimulia mama mdogo. Akaacha kuchambua mchele.
“Kakupa bure, halafu kakutajia yatima? Mwanangu, huyo kakukamata.”
Ndivyo hasa. WTFPL inakuachia kila kitu, nawe hukumbuki hata aliyeiandika.

Jumatano, 16 Agosti
Giza limefika, ziwa limejaa taa, na mama mdogo anarudi Kibirizi alfajiri. Nimechagua MIT. Kando yake, kwenye faili la maelezo, nimeweka ombi: programu hii ikikufaa, na ukipita Kigoma, mnunulie mgebuka mmoja mama wa Kibirizi aliyeibuni hesabu ya giza. Jamaa wa Uvira ameshaipakua.

Mama mdogo hajaridhika. Anataka niongeze kwamba asiyelipa deni la dagaa asiitumie. Nimemweleza kuwa hapo anaingia kwa Crockford, na Debian watatutupa nje.
“Hao Debian,” akauliza, “wananidai?”
“Hapana, mama.”
“Basi andika.”
Nimeandika kwenye faili la maelezo. Leseni sijaigusa.