Kutoka Askari hadi Msimbazi

Saa moja na nusu asubuhi, makutano ya Samora na Azikiwe katikati ya Dar es Salaam hayampi mtu nafasi ya kusimama na kushangaa. Bodaboda zinapenya kati ya magari, wafanyakazi wa benki wanaharakisha na vitambulisho shingoni, na kijana wa kahawa anapita akigonganisha vikombe ili asikike. Katikati ya vurumai hiyo, juu ya jukwaa la mawe, askari wa shaba nyeusi amejikunja kidogo, mguu mmoja mbele, bunduki mikononi, singe ikielekea bandarini. Simwoni mtu anayemtazama. Lakini kila mtu anamtumia: nishushe Askari, tukutane Askari, ukifika Askari pinda kulia. Wazee wa mji wana jina lao la zamani la mahali hapa, Bismini.

Leo natembea kutoka hapa hadi Mtaa wa Msimbazi, Kariakoo. Ni kama kilomita mbili, na mwenye bodaboda aliyeegesha kando ananishangaa ninapomkatalia. Nimeichagua njia hii kwa sababu karibu kila mtawala wa mji huu ameacha kitu juu yake, sanamu, mnara au jina la barabara, akitaka kitazamwe na kitiiwe. Nataka kuona wakazi wamekifanyia nini.

Huyu askari si sanamu ya kwanza ya kijeshi mjini. Kabla ya Vita Kuu ya Kwanza Wajerumani walimsimamisha hapa Dar es Salaam Hermann von Wissmann, afisa aliyetumwa kuzima upinzani wa pwani ulioongozwa na Abushiri bin Salim, aliyenyongwa Pangani Desemba 1889. Wissmann alikuwa juu. Chini, miguuni pake, palikuwa na askari Mwafrika asiye na jina, uso umeinuliwa kumtazama bwana wake. Waingereza walipouteka mji Septemba 1916 hawakuwa na haja na shujaa wa adui. Wakamshusha, wakampeleka London, na hatimaye akaishia Hamburg mbele ya chuo kikuu, ambako wanafunzi walimwangusha mwaka 1968.

Mwaka 1927 Waingereza wakaweka sanamu yao, kazi ya mchongaji James Alexander Stevenson, na maneno ya jukwaani wakamwachia Rudyard Kipling. Yamechorwa kwa Kiingereza na Kiswahili. Askari aliyekuwa miguuni pa Wissmann sasa amepanda juu peke yake, na hilo si jambo dogo. Hata hivyo jina bado hana, na ile Vita Kuu aliyopigana haikuwa yake. Maandishi yanawataja pia wapagazi waliobeba mizigo ya jeshi, lakini mchongaji hakuwachonga. Nairobi, kwenye Kenyatta Avenue, sanamu za vita hiyohiyo ni tatu na mpagazi yumo. Dar es Salaam amebaki kwenye maneno tu.

Kando ya barabara mzee mmoja anang'arisha viatu chini ya mwavuli. Nampa shikamoo, anaitikia marahaba, kisha anavitazama viatu vyangu kwa masikitiko. Namuuliza yule pale juu ni nani.

"Askari," anajibu, bila kuinua kichwa.

"Askari wa nani, mzee?"

"Wa hapa. Nimemkuta kazini, nitamwacha kazini. Hajawahi kudai posho." Anacheka mwenyewe, kisha ananionyesha kiti. "Kaa basi, mwanangu, hivyo viatu vina vumbi la mkoani."

Jibu lake linanitosha. Sanamu iliyowekwa ili watu wauone ufalme wa Uingereza kuwa una shukrani imekuwa jirani, na hakuna anayemdai jirani maelezo ya alikotoka.

Nateremka Samora kuelekea Mnara wa Saa. Barabara hii imebadilishwa majina kulingana na mwenye zamu. Waingereza waliiita Acacia Avenue. Baada ya Uhuru ikawa Independence Avenue. Leo ni Samora, kwa heshima ya Samora Machel, rais wa kwanza wa Msumbiji, aliyefariki kwa ajali ya ndege mwaka 1986. Anayesoma vibao vya mitaa ya eneo hili anasoma historia ya ukombozi wa Afrika: Azikiwe, Nkrumah, Lumumba. Majina hayo hayakuokotwa. FRELIMO, chama cha ukombozi cha Msumbiji, ilianzishwa katika mji huu Juni 1962, na kwa miaka mingi wapigania uhuru wa kusini mwa bara walikuwa na ofisi na makazi hapa. Siku hizi chini ya kibao cha Samora kuna duka la miwani, wakala wa kutuma pesa na mama anayepimia karanga kwenye vikaratasi. Kijana wa wakala nikimuuliza Samora alikuwa nani, anajibu upesi: "Wa Msumbiji, bro. Alipigana na Wareno." Kibao kimefanya kazi yake.

Mnara wa Saa umesimama kwenye mzunguko wa magari ambako Samora inakutana na Uhuru na Nkrumah. Ulijengwa mwaka 1961, Dar es Salaam ilipopewa hadhi ya jiji, siku zilezile Tanganyika ilipopata uhuru. Ni mnara mwembamba, si mrefu, na majengo ya ghorofa yaliyouzunguka yameupunguza zaidi. Karibu kila anayepita ana saa ndani ya simu yake. Bado naona wawili watatu wakitupa macho juu, labda kwa mazoea, kabla ya kuyakimbilia magari.

Kuanzia hapa nashika Mtaa wa Uhuru, na macho yanaanza kufanya kazi. Ni mtaa wa vitambaa. Kanga zimeanikwa milangoni kwa jozi, pindo nyeusi, mji mwekundu, jina chini. Wanawake wawili wamesimama mbele ya duka wakisoma majina kwa sauti, mmoja anacheka mpaka anaegemea ukuta. "Hii nampelekea wifi yangu," anasema, "aelewe mwenyewe." Mwenye duka, ambaye bila shaka ameuza ugomvi mwingi wa namna hii, anawakunjia bila kuuliza. Chini ya rafu kuna kanga za sherehe za kitaifa, zenye mwenge na sura za viongozi. Hizo hununuliwa sana msimu wake ukifika, kisha hugeuka za kubebea mtoto na kufutia vyombo, wakati ile ya wifi itavaliwa kwa makusudi, siku iliyopangwa, mbele ya mtu aliyekusudiwa.

Kisha majengo yanakatika ghafla na mbele yangu kuna uwazi: miti, nyasi zilizochakaa, watu wamelala kivulini. Ni Mnazi Mmoja.

Mgeni anaweza kudhani ni bustani kama bustani nyingine, lakini uwazi huu ulikuwa ukuta. Wajerumani walianza kuugawa mji kwa kanuni ya ujenzi ya mwaka 1891, iliyoamua nyumba za namna gani zijengwe wapi. Katika miaka ya 1920 Waingereza wakatia mkazo: Uzunguni kule baharini, Uhindini katikati, Waafrika upande wa Kariakoo, na kati ya mji na Kariakoo ukaachwa ukanda mtupu usiojengwa. Sababu iliyotolewa ilikuwa afya. Ilisemwa kwamba maradhi yasivuke. Asubuhi Mwafrika alivuka ukanda huu kwenda kazini, na jioni akavuka tena kurudi.

Ubaguzi huo ulikuwa na kasoro moja ambayo waliouchora hawakuiona. Ukiacha kiwanja kitupu kati ya watu, watu watakutana hapo. Nakaa kwenye ukingo wa zege kutazama. Wanafunzi wenye sare wanakatiza kwa mshazari, wakifuata vijia vilivyochimbwa na miguu. Fundi wa simu ametandaza vifaa vyake juu ya gazeti. Muuza mihogo ya kukaanga anapakaza pilipili. Hapa huswaliwa swala ya Idi, hapa hufanyika mikutano, na jioni mpira huchezwa. Mnara mweupe umesimama na mfano wa Mwenge wa Uhuru kileleni, ule ambao Alexander Nyirenda aliupandisha Kilimanjaro usiku wa kuamkia tarehe 9 Desemba 1961.

Kwa miaka mingi, kabla Dodoma haijachukua shughuli nyingi za kitaifa, Siku ya Mashujaa, tarehe 25 Julai, iliadhimishwa kwenye viwanja hivi. Vitu vinavyowekwa mnarani siku hiyo nimevipenda siku zote: ngao na mkuki, sime, upinde na mishale, shoka, na shada la maua. Askari wa Samora anashika bunduki ya mfalme wa mbali. Hapa mashujaa wanakumbukwa kwa silaha za watu waliopigana kwa ajili ya nyumba zao.

Barabara inayopita kando ya kiwanja ina jina la Bibi Titi Mohamed. Alikuwa mwimbaji wa ngoma za wanawake mjini hapa kabla ya TANU, chama kilichodai uhuru, na alipopewa kuongoza wanawake wa chama alivijaza viwanja watu kwa njia aliyoijua, kupitia vikundi vya ngoma na nyumba kwa nyumba. Mwaka 1969 alikamatwa, akahukumiwa kifungo cha maisha kwa kosa la uhaini, kisha akasamehewa mwaka 1972. Alifariki mwaka 2000. Leo jina lake liko pale ambapo mji ulikatwa vipande, na kondakta wa daladala analitamka mara nyingi kwa siku kuliko jina la waziri yeyote. Sijui adhabu gani ya serikali ingeweza kushindana na hilo.

Ng'ambo ni Mtaa wa Lumumba, uliokuwa New Street, ambako TANU ilizaliwa tarehe 7 Julai 1954. Chama kilichodai nchi nzima kilianzia hatua chache tu upande wa pili wa ukanda mtupu. Natafuta namna ya kuvuka, kijana mwenye mkokoteni ananipigia kelele, "Kaka, pisha mzigo!" na hivyo najua nimefika Kariakoo.

Wapagazi waliokosa sanamu walikuwa na kambi hapa baada ya mji kutekwa. Makumi ya maelfu yao walikufa katika vita ile, wengi kwa maradhi na uchovu kuliko kwa risasi. Kikosi chao, Carrier Corps, kiliuachia mtaa huu jina, na kazi yao haijaondoka: marobota vichwani, magunia mgongoni, mikokoteni inayosukumwa na vijana waliolowa jasho kabla ya saa nne. Soko la mwaka 1975, lililosanifiwa na Beda Amuli, mmoja wa wasanifu majengo wa kwanza Waafrika katika Afrika Mashariki, lilikuwa fahari ya nchi changa, na paa lake la zege la umbo la faneli lilikinga mvua badala ya kuikimbia. Liliungua Julai 2021. Biashara ilihamia kando na kuendelea, kwa sababu Kariakoo haimo ndani ya soko. Soko ndilo lililo ndani ya Kariakoo.

Namalizia Mtaa wa Msimbazi, mbele ya jengo la klabu ya soka ya Simba. Nyekundu na nyeupe ziko ukutani, kwenye fulana za wauzaji, kwenye bajaji. Mitaa michache tu kutoka hapa, Jangwani na Twiga zinapokutana, kila kitu kinageuka kijani na njano, kwa kuwa huko ni Yanga. Klabu moja ilianza mwaka 1935, nyingine 1936, katika mji ambao Mwafrika alikuwa na nafasi chache za kuamua jambo lake mwenyewe. Hakuna gavana aliyezindua rangi hizi. Namuuliza muuza fulana kama anaweza kuniuzia ya watani. Ananitazama kama niliyemtukania mama. "Hapa, mkubwa? Hapa ni Msimbazi."

Katika njia hii nzima sijasikia mtu akitetea sanamu wala mnara kwa sauti ile. Rangi zinatetewa kwa sababu watu wenyewe walizichagua, wakazibishania na kuzirithisha, na kwa hayo yote walihitaji mahali pa kukutana. Ndiyo maana ukiniuliza kati ya Askari na Msimbazi kitu gani kilindwe kwanza, nitakwambia Mnazi Mmoja, kile kiwanja kilichochakaa ambacho bei ya ardhi inakimezea mate kila mwaka. Sanamu huhamishika, Wissmann alifika mpaka Hamburg. Kiwanja kikishajengwa ghorofa, hakuna meli ya kukirudisha.