Mufwankolo, mtunzi wa televisheni asiyekuwa na karatasi

Wakaaji wa Lubumbashi wenye umri mkubwa hawaulizi Mufwankolo ni nani. Wanaouliza ni vijana, pamoja na jamaa waliofika mjini wakikimbia vita vya Mitwaba, Pweto ao Manono, sababu jina hilo hutajwa bila maelezo, kama vile kila mtu alizaliwa akilijua. Ni jina la mchezo. Jina lake la kweli ni Odilon Kyembe Kaswili, na kundi aliloliongoza lilichukua jina hilohilo: Kundi Mufwankolo. Wakati nchi ilipoitwa Zaire na jimbo likaitwa Shaba, michezo yao ilionekana kwenye televisheni ya Lubumbashi, na ilikuwa kwa Kiswahili.

Hilo la Kiswahili si jambo dogo. Televisheni ya wakati ule ilikuwa ya serkali, na serkali ilikuwa chama kimoja. Kifaransa kilikuwa lugha ya ofisi na ya masomo ya juu. Kisha anatokea Mufwankolo pamoja na Kachelewa, Foloko, Bwana Cheko na Bibi Kawa (hayo nayo ni majina ya mchezo), wanagombana juu ya mambo ya nyumba, ya kazi na ya pesa kwa maneno yaleyale yanayosikika sokoni Kenya ao barabarani Katuba. Hawakusema Kiswahili bora cha vitabu. Walisema Kiswahili ya Lubumbashi, ile ambayo waalimu huikemea na wazazi huitumia.

Kiswahili hiyo haina kabila moja la kuidai. Mji ulipoanza mwaka 1910 ukiitwa Élisabethville, kampuni ya Union Minière ilitafuta wafanyakazi kila upande: Kasai, Rhodesia ya Kaskazini, Rwanda na Burundi. Watu wasioelewana walilazimika kuelewana kwenye shimo la shaba, kambini na jikoni kwa Wazungu. Mwaka 1965 watumishi wa nyumba wa zamani wa mji huu waliandika historia yao kwa lugha hiyo, kazi iliyokusanywa na André Yav, na hata leo wengi mjini hawajui kwamba iko. Na kabla ya televisheni, komine ya Kenya ilikuwa tayari na Jecoke, maana yake Jeunes Comiques de la Kenya, vijana waliojulikana kwa nyimbo na vichekesho. Mufwankolo hakutokea jangwani.

Tulinganishe kidogo na kwingine. Mtunzi wa michezo ya televisheni wa Uingereza kwa kawaida hutoa karatasi kabla ya kamera kuwashwa. Kila neno limeandikwa, mchezaji analisoma, analishika kichwani, na jina la mtunzi linaandikwa kwenye skrini. Akifa, karatasi zinabaki. Kundi Mufwankolo lilifanya kazi namna nyingine. Mtu alileta wazo, wote wakalijadili, wakakubaliana hadithi itaanza wapi na itaishia wapi, nani atakuwa nani. Kisha wakafanya mazoezi, na katika kila zoezi maneno yalibadilika. Mchezaji alipaswa kumjibu mwenzake papo hapo, bila kupoteza njia ya hadithi. Wanaosema huko si kutunga wajaribu wenyewe kwa dakika tano mbele ya watu.

Namna kazi hiyo ilivyokwenda inajulikana sana kupitia mchezo mmoja, wa mwaka 1986. Johannes Fabian, mtaalamu wa mila na desturi aliyewahi kukaa Shaba miaka ya 1970, alikuwa amerudi Lubumbashi. Siku moja mezani, firigisi ya kuku ikiwa mbele yake, alisikia methali iliyosemwa kwa Kifaransa: Le pouvoir se mange entier. Mamlaka huliwa nzima. Firigisi ni sehemu ya mkubwa, haikatwi vipande. Fabian akawauliza marafiki zake wa Kundi Mufwankolo maana yake. Badala ya kumpa jibu, wakaamua kuifanyia mchezo.

Hapo ndipo ubishi ulipoanza. Je, methali inasema sultani hapaswi kugawana mamlaka na mtu? Ao inasema anayekubali mamlaka akubali na uchungu wake, asichague minofu na kuacha mifupa? Kumbukeni mwaka. Mobutu alikuwa madarakani tangu 1965, na swali la nani anakula nini peke yake halikuwa la kuku tu. Kundi lilisimulia habari za sultani na watu wake mugini, si za rais. Liliwekea mchezo huo jina la methali yenyewe, na wakaenda kuurekodi Kawama, mugini karibu na Lubumbashi, kwa ajili ya televisheni. Mkubwa aliyetaka angeona sifa kwa utawala. Aliyekaa nyumbani bila mshahara angeona jambo lingine. Huo ni ufundi wa mtunzi, hata kama hakuna aliyeshika kalamu.

Fabian aliacha mashine ikirekodi kuanzia mazungumzo ya kwanza mpaka mazoezi ya mwisho. Kitabu chake, Power and Performance, kilitoka Marekani mwaka 1990, na maneno ya wachezaji yamo kwa Kiswahili chao pamoja na tafsiri ya Kiingereza. Miaka tisa mbele yake, huko Vienna, Walter Schicho na Mbayabo Ndala walikuwa wametoa kitabu kiitwacho Le Groupe Mufwankolo. Basi sehemu kubwa ya kazi iliyobaki kwenye karatasi iko katika vitabu vilivyochapwa Marekani na Austria. Mwanafunzi wa Ruashi anayetaka kusoma namna Kachelewa alivyomjibu Mufwankolo anahitaji kwanza maktaba ya mbali. Tuwashukuru waliorekodi, bila wao tungekuwa na sifa tupu. Lakini inauma.

Inauma zaidi ukikumbuka yaliyofuata. Mwaka 1992 na 1993, katika jimbo la wakati ule, watu wenye asili ya Kasai walifukuzwa, hasa Likasi na Kolwezi, wakalala kwenye stesheni wakingoja treni. Kiswahili waliyotumia kuomba maji ni ile babu zao waliyosaidia kuiunda. Waliokwenda Mwene-Ditu na Mbuji-Mayi walikwenda nayo. Leo jamaa wengine wanaingia Lubumbashi kutoka upande wa kaskazini, wakiwa na Kiswahili chao chenye lafudhi nyingine, na watoto wa mtaa huwacheka kwanza, kisha baada ya miezi michache wanasema kama wao.

Jioni kwenye uwanja wa nyumba moja ya Katuba ambamo jamaa tatu zinalala, kuna mtu anayesimulia safari ya kutoka Mitwaba kwa kuiga sauti ya kila aliyekutana naye njiani: askari, mwenye pikipiki, mama aliyemnyima chumvi. Watu wanacheka mahali ambapo walilia. Kesho atasimulia tena, na yule mama atasema maneno mengine. Simu ya kurekodi iko mfukoni mwa kijana aliyekaa karibu yake. Na katika nyumba za Kenya na Kamalondo kuna kanda za kaseti za wakati wa Zaire zilizofunikwa na vumbi chini ya vitanda, nyingine bila alama juu yake. Kabla ya kurekodi nyimbo juu yake, mtu azisikilize mpaka mwisho, pande zote mbili.