Barua ya Kusimamishwa Kazi Si Hukumu



Ndugu wazazi, leo hatuandiki juu ya makosa ya watoto wenu. Tunaandika juu ya kosa letu sisi walimu.

Hapa Kikagate tuna mwanafunzi wa madrasa ambaye baba yake ni mwalimu wa shule ya msingi ya serikali, mbali na hapa. Siku moja baba alirudi nyumbani na barua. Alituhumiwa kula pesa za mtihani zilizotolewa na wazazi, akasimamishwa kazi mpaka uchunguzi umalizike. Kabla ya Isha habari ilishafika msikitini, ikiwa imebadilika: "Amefukuzwa, ni mwizi."

Sisi hatukumuuliza. Tulizoea kumwita jioni awasaidie vijana hesabu, tukaacha kumwita. Watoto wakaona, wakafuata. Mwanawe akawa anakaa nyuma peke yake, kisha akaacha kuja. Tulipomfuata nyumbani, mama yake alituambia, "Maalim, wanamwita mtoto wa mwizi, na nyinyi mnasikia."

Tuliona haya. Kila mwaka tunafundisha kisa cha Sayyidna Ali (r.a.) alipotumwa Yemen kuamua kesi za watu, na Mtume (s.a.w.) akamuusia asihukumu mpaka amsikilize wa pili kama alivyomsikiliza wa kwanza. Tumekifundisha, na hatukukifuata.

Basi tukakaa na baba, akatueleza. Kusimamishwa si kufukuzwa. Kanuni za utumishi wa umma za Uganda za mwaka 2010 zilitaka uchunguzi uishe ndani ya miezi 3, au 6 kama jambo liko polisi au mahakamani, na mtumishi alipwe si chini ya nusu ya mshahara. Katiba ya 1995, kifungu cha 42, inampa kila mtu haki ya kutendewa kwa uadilifu na ofisi za serikali, na ya kwenda mahakamani kupinga uamuzi wao. Kifungu cha 173 kinakataza kumfukuza au kumshusha cheo mtumishi bila sababu ya haki. Mwalimu kama yeye husikilizwa na Tume ya Utumishi ya Wilaya, na malalamiko yake yanaweza kufika Tume ya Utumishi wa Umma.

Ndugu mmoja akauliza, "Kwa hiyo wanaokula mali ya umma waachwe?" Hapana. Mwezi wa Februari 2018 maafisa wa idara ya wakimbizi walisimamishwa kwa tuhuma za kuzidisha idadi ya wakimbizi. Sisi tulio karibu na Nakivale tunajua kwamba chakula cha mkimbizi ni amana. Watu wakahesabiwa upya kwa alama za vidole, Machi hadi Oktoba, na idadi ya milioni 1.4 ikateremka hadi karibu milioni 1.1. Lakini hesabu ile ilionyesha kwamba kuna kasoro; haikusema nani kafanya nini. Hilo linataka kila mmoja aitwe kwa jina lake, aonyeshwe ushahidi, ajibu.

Baba yule alikaa na nusu mshahara zaidi ya mwaka kabla ya kuitwa. Alipoitwa alipeleka risiti, chache zikakosekana. Wizi haukuthibitika. Alipewa onyo kwa kutotunza daftari la pesa, akarudi kazini. Hakuwa malaika, hakuwa mwizi. Tungemuuliza siku ya kwanza, angetuambia hayo hayo.

Tulimwomba msamaha mbele ya watu, kwa kuwa tulimdhulumu mbele ya watu. Mtoto amerudi darasani. Na madrasa tumeweka kanuni: hakuna adhabu kabla ya mtoto kuulizwa na mzazi kuitwa. Kesi ya kwanza ilikuwa ya kalamu iliyopotea. Ilitula nusu saa, na kalamu ikaonekana mfukoni mwa aliyeshtaki.

Wazazi wetu, barua kama ile ikiingia kwa jirani, mpelekeeni salamu kabla ya kupeleka habari. Ikiingia kwenu, wekeni nakala, jibuni kwa maandishi ndani ya siku mlizopewa, wala msitie saini msichokisoma. Na watoto wake waacheni wacheze na wenzao.

Wabillahi tawfiq.